Ndago na sangari zimevamia nyasi zangu, na kila tukizing'oa zinazidi

*Swali:* Shikamoo mtaalamu. Naishi Njiro, Arusha. Mwaka juzi mwezi wa tatu tulileta lori mbili za udongo mweusi, tukasawazisha mbele ya nyumba, tukapanda nyasi za Pemba. Miezi ya kwanza palipendeza mpaka wapita njia wakawa wanauliza. Sasa yameingia majani ya aina mbili. Moja limesimama kama mishale, linang'aa, ukikata leo keshokutwa limeshazipita nyasi zote. Jingine ni laini, linatambaa, ukilivuta linatoa mizizi myeupe migumu yenye ncha kama sindano. Kijana wa bustani anang'oa kila Jumamosi lakini ni kama tunapanda. Dukani niliuziwa dawa ya majani, ikaua waridi zangu na majani yenyewe yapo. Mume wangu anasema tung'oe kila kitu tumwage peving. Nina watoto wawili wadogo, na kisima kiko karibu. Nifanyeje?

*Jibu:* Marahaba, mwanangu. Pole ya waridi. Nianze nazo, kwa sababu zimetueleza dawa uliyouziwa hata kabla hujanionyesha chupa. Dawa inayoua waridi na kuacha nyasi, kwa maduka yetu, karibu kila mara ni 2,4-D. Imetengenezwa kuua majani mapana ndani ya mahindi na ngano, na nyasi inaziacha kwa makusudi. Waridi ni jani pana, kwa hiyo tone lililopeperushwa na upepo lilitosha. Dawa ilifanya kazi yake sawasawa, ila hiyo kazi siyo uliyokuwa nayo wewe. Bomba lililotumika lisiguse tena maua wala nyanya, maana mabaki ya dawa hiyo hayatoki kwa kusuuzwa mara moja.

Sasa tuwatambue wageni wako. Yule anayesimama kama mshale, ng'oa mmoja, ushike shina lake karibu na ardhi kwa kidole gumba na cha shahada, ulizungushe. Ukihisi kingo tatu, shina la pembetatu, hiyo ni ndago. Shina la nyasi ni duara au bapa na lina mafundo. La ndago ni pembetatu na halina fundo. Ndago kwa kweli si nyasi, ni ya ukoo wa mafunjo yale ya kandokando ya ziwa, na ndiyo maana dawa nyingi za nyasi haziigusi na nyingi za majani mapana nazo zinaibabaisha tu. Ikitoa ua, angalia rangi. Ua la kahawia inayokwenda kwenye zambarau, na viazi vyeusi vichungu vilivyofungana kwa mnyororo chini ya ardhi, ni ndago ya kawaida. Ua la rangi ya manjano iliyofifia, na viazi vitamu vinavyokaa kimoja kimoja kwenye ncha za mizizi, ni ndugu yake, na watoto wa kijijini huvitafuna. Kwa maelezo yako nadhani unayo ile ya kwanza, iliyo ngumu zaidi.

Usijione mzembe. Mwaka 1977 wataalamu walipopanga magugu mabaya kuliko yote duniani, ndago hiyo yenye viazi vichungu ndiyo waliyoiweka nambari moja. Nambari mbili, utacheka, ilikuwa ukoka, ambao nusu ya Tanzania tunaununua na kuupanda mbele ya nyumba.

Huyo wa pili, mwenye sindano nyeupe, ni sangari. Waulize wazee wa kahawa kule Meru au Machame, watakusimulia mpaka jioni. Yeye ni nyasi kamili, mwenyeji wa nyanda zetu za juu. Huko Marekani sangari imo kwenye orodha ya serikali kuu ya magugu hatari yasiyoingizwa bila kibali, pamoja na majani ya kikuyu ambayo watu wa Nairobi na Limuru wanayakata kila wiki kwa mapenzi.

Wageni hawa wawili wanafanana kwa jambo moja tu: hazina yao iko chini ya ardhi. Zaidi ya hapo kila mmoja ana njia yake, na ukiwatendea sawa utashindwa na wote.

Nianze na ndago. Kiazi kimoja hutoa mche, mche hutuma mzizi pembeni, mzizi huvimba na kuwa kiazi kipya, nacho hutuma mwingine, mpaka vinakuwa kama shanga kwenye uzi. Vingi vimo kwenye sentimita 15 za juu, vichache vinashuka zaidi. Mnyororo ukiwa mzima, kiazi cha mbele kinawazuia wa nyuma wasichipue, wanalala. Piga jembe, ukate uzi, na wote waliolala wanaamka kwa pamoja. Ndiyo maana unaona kama mnapanda. Kwa maana fulani, ni kweli mnapanda.

Lakini hapo hapo ndipo penye mlango. Kiazi kilicholala huwezi kukiua kwa mkono wala kwa dawa, kinakungoja miaka. Kiazi kilichoamka kinatumia akiba yake kutengeneza majani, na mche mpya huchukua kama wiki tatu kabla ya kuanza kutengeneza viazi vingine. Ndani ya wiki hizo tatu kiazi kinatoa tu, hakiingizi. Ukiuondoa mche kabla ya siku hizo kutimia, kimepoteza. Kitachipua tena, kikiwa dhaifu zaidi. Ondoa tena. Kinaweza kurudi mara nyingi, mara nyingi kweli, lakini kila safari mche unakuja mwembamba. Ukichelewa mara moja tu, ukauacha mche ufike wiki ya tano au ya sita, umelipa deni lote la nyuma na umewaongezea mtaji.

Kwa hiyo kuongezeka kwa ndago mwezi wa kwanza wa kung'oa hakupaswi kukutisha. Wanaamka, na ndivyo tunavyotaka. Kosa linakuja kwenye siku ya 25 wakati mtu amechoka.

Utaniambia, mbona kijana anang'oa kila Jumamosi? Ratiba hiyo ni nzuri kuliko hata ninayokuomba. Ila naomba umuulize mambo mawili kwa upole: anang'olea nini, na mwezi wa nne, mvua iliponyesha mfululizo, alikuja Jumamosi ngapi? Nimeziona bustani nyingi. Mara nyingi anatumia jembe, anakwangua juu sehemu zinazoonekana kutoka barazani, na wakati wa masika, mwezi ambao ndago inazaa kuliko mwezi mwingine wowote, haji kwa sababu nyasi zimelowa. Huo mwezi mmoja unafuta miezi mitano.

Badilisha hivi. Jembe lisiingie tena kwenye nyasi. Pale ndago zilipo moja moja, subiri ardhi iwe na unyevu, chukua bisibisi ndefu au kisu chembamba, shuka kando ya mche mpaka sentimita 10 au 15, inua taratibu utoke na kiazi chake, na ukiona uzi unaendelea, ufuate. Kazi hii inafaa redio na kigoda. Pale zilipojaa kama shamba, usichimbe, utaharibu nyasi zote. Vuta miche tu, au ikate chini kabisa, kila siku ya 10 hadi ya 14 bila kuruka, na uandike tarehe kwenye kalenda ya ukutani jikoni. Siku kijana akikosa, toka mwenyewe na watoto. Mkichotoa, kiingie kwenye ndoo. Kisitupwe kwenye shimo la mboji wala kwenye kingo za bustani. Kitandazwe juu ya bati juani wiki mbili. Kiazi cha ndago kinastahimili karibu kila kitu isipokuwa kukaushwa.

Wakati huo huo muifanyie ndago mazingira mabaya, kwa sababu ina udhaifu mmoja mkubwa: haipendi kivuli. Hapa ndipo nyasi za Pemba zinapokusaidia kuliko aina nyingine, kwa kuwa zina jani pana na zikiachwa nene zinafunika ardhi. Lakini lazima uziache. Watu wengi wanazikata mpaka udongo unaonekana, eti zichelewe kukua. Kwa fyekeo ndivyo inavyokuwa, maana fyekeo halina kipimo. Kata kwa sentimita 6 au 7, usiondoe zaidi ya theluthi moja ya urefu kwa mara moja. Upenyo wa udongo wazi kati ya nyasi, hata wa ukubwa wa sahani, ni chumba cha kupanga kwa ndago. Uzibe kwa kipande cha nyasi ulichotoa sehemu safi.

Maji pia. Kama mnamwagilia kila jioni kidogo kidogo, mnawamwagilia wao. Mwagilia mara moja kwa wiki wakati wa kiangazi, maji mengi yanayoshuka, halafu acha juu pakauke. Na angalia kama bomba la chini linavuja. Ndago ikijaa mahali pamoja bila sababu, nimekuta mara kadhaa chini yake pana kiungo cha bomba kinachodondosha. Mbolea, kidogo inatosha: gramu 20 hivi za CAN kwa mita moja ya mraba, mvua zikishaanza, juu ya nyasi kavu, kisha maji mara moja ili isiunguze.

Dawa ya ndago ipo. Kwenye lebo, tafuta kiambato kilichoandikwa halosulfuron-methyl. Hiyo inaingia ndani ya ndago na kushuka, huku ikiziacha nyasi nyingi za bustani. Inafanya kazi polepole. Utaona rangi ya manjano baada ya wiki mbili au zaidi, na karibu kila mara inahitaji kurudiwa wiki kadhaa baadaye. Usikate nyasi siku mbili kabla wala siku mbili baada ya kupiga. Na kwa nyasi za Pemba jaribu kwanza mita moja ya mraba pembeni, ungoje wiki tatu. Ila kwako, mwenye kisima karibu, mimi ningeanza na mkono na kalenda, na dawa iwe ya sehemu chache za mbali na kisima zinazowashinda. Lebo itakuambia umbali wa kuacha. Uisome kabla ya kulipa. Angalia namba ya usajili ya Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu, TPHPA. Makao makuu yao yako huko huko kwenu, Ngaramtoni, hivyo huna sababu ya kubahatisha. Dawa iliyopimwa kwenye chupa ya soda usiiguse hata kwa bei ya bure. Nyumba yenye watoto haiweki chupa ya soda yenye sumu.

Sasa sangari. Hapa nina la kuungama. Nilipoanza kazi ya ubwana shamba, mkulima mmoja wa kahawa alinionyesha robo eka iliyojaa sangari, na mimi, kijana mwenye cheti kipya, nikamshauri alime kwa nguvu mvua zianzapo. Akalima. Baada ya wiki sita robo eka yote ilikuwa zulia moja la kijani. Hakunigombeza, alinipa tu kahawa na kuniambia, "Umezipanda vizuri, mwalimu." Sijasahau.

Ile sindano nyeupe si mzizi, ni shina linalotembea chini ya ardhi, na kila fundo juu yake linaweza kuwa mmea mpya. Kipande cha urefu wa kidole kinatosha. Ukikatakata wakati wa mvua umeongeza mbegu. Ukikichimbua wakati wa kiangazi na kukilaza juani, kinakufa siku chache tu. Tofauti yote ni mwezi.

Kwa hiyo sangari yako ni kazi ya kiangazi, na nyinyi mna nafasi kuanzia Agosti mpaka kabla ya vuli, na tena Januari na Februari. Tafuta mipaka ya kila kiraka, ongeza sentimita 30 nje yake, maana daima imeshatangulia mbele ya unachokiona. Ndani ya duara hilo toa kila kitu, pamoja na nyasi za Pemba, bila huruma. Tumia jembe uma, si jembe la kawaida, kwa sababu uma unainua mashina hayo marefu mazima na jembe linayakata. Inua udongo, utikise, vuta, chambua kwa mikono. Vyote juu ya bati. Nyasi za Pemba zilizotoka kwenye duara hilo msizirudishe, hata zikionekana nzuri, maana sangari imesukwa ndani yake. Kisha msipande. Acheni pakavu mpaka mvua za kwanza, zile zilizosalia zichipue, na hapo mfanye la pili.

La pili linaweza kuwa uma tena, au glaifosati. Hiyo inaua kila kijani inachogusa, nyasi zako pia, ndiyo maana nimekuambia utoe duara kwanza. Zile dawa zinazotangazwa kuua nyasi na kuacha maharage hazitakusaidia hapa. Hazijui tofauti ya sangari na nyasi za Pemba. Kama mtatumia glaifosati, acheni sangari ifike urefu wa kiganja, iwe na majani mabichi ya kutosha kubeba dawa kuipeleka chini. Pigeni asubuhi isiyo na upepo, siku isiyo na dalili ya mvua. Maji yawe safi kabisa, kwa sababu dawa hii inajishika kwenye udongo. Maji ya matope yanaizima kabla haijatoka kwenye bomba, halafu mtu analaumu duka. Kwa machipukizi machache yaliyo katikati ya nyasi nzuri, funga sponji kwenye kijiti, lowesha, kamua, paka jani moja moja ukiwa na glovu. Watoto na viatu vyao wakae mbali mpaka pakauke vizuri. Baada ya wiki mbili, kama hakuna kinachorudi, pandeni vipande vya nyasi kutoka upande safi, karibu karibu, ili pazibe haraka.

Pengine mtu atakushauri chumvi, au oili chafu ya gereji. Hapana. Vyote viwili vitaua ardhi kwa miaka, na kwa kisima kilicho karibu ni hatari. Mwingine atasema funika kwa nailoni nyeusi. Kwa ndago, nailoni nyeusi ni mzaha: ncha yake inakua gizani ikiwa imefungwa kama mkuki na inaitoboa. Ya ajabu ni kwamba nailoni ya kuona huizuia vizuri zaidi, kwa sababu ncha ikiona mwanga inafungua majani mapema, nayo yanakwama chini ya nailoni na kuungua. Lakini hilo linataka jua kali la wiki sita mfululizo, na kwa baridi yenu ya Juni na Julai mtapata jasho la nailoni tu. Januari, labda, kwenye kiraka kitupu.

Kuhusu udongo wa lori, ndiko vilikotoka, sina shaka kubwa. Udongo mweusi huchotwa mabondeni na kwenye mashamba ya zamani, huko ndiko ndago na sangari zinakoishi. Siku nyingine kabla ya kununua, omba ndoo moja tu. Iweke juani, imwagilie, ngoja wiki tatu. Muuzaji akikataa kukupa ndoo, umeshapata jibu la bure.

Ngoja nihesabu muda ili usije ukanilaumu: mkianza sangari Agosti hii na ndago vuli inapoanza, mtarajie misimu miwili ya mvua, pengine mitatu, kabla hujaona kweli tofauti ya ndago. Sangari, kama duara lilikuwa pana, mwaka mmoja unaweza kutosha.

Na peving ya mumeo, mpe salamu zangu. Mwambie ndago inapenya kwenye kiungo cha tofali na tofali bila shida, na pale hutaweza tena kufika na bisibisi. Kama bado anataka kumwaga, basi na yeye asubiri mpaka viazi viishe kwanza, na Jumamosi hii ashike kigoda cha pili.